Mwaka Tulioamriwa Kuwa Smati

Tulipomzika Dorkasi pale Kilosa mwezi uliopita, mjukuu wake wa kiume alisimama kando ya jeneza, akashika kipaza sauti, akasema, "Bibi alikuwa smati. Hakuwahi kutoka nje ya mlango wake bila kuwa smati." Watu wakaguna kwa kukubali, wengine wakacheka kile kicheko kidogo cha msibani kinachopumzisha moyo. Mimi nilikuwa nimekaa mkekani na wanawake wenzangu, na neno lile likanipita mwilini kama maji ya mtungini. Jirani yangu aliniona nimebadilika, akaniuliza kama presha imepanda. Nikamwambia ni jua. Ningemwambia nini zaidi? Kijana alisema kweli. Dorkasi alikuwa fundi cherehani wa kutegemewa mjini, magauni yake yalipigwa pasi hadi yakang'aa, na hata uzeeni hakukubali kuonekana na kilemba kilichopinda. Lakini magauni aliyoyashona, yake na ya wengine, yalikuwa mapana. Wateja walimlalamikia miaka yote kwamba hakazi kiunoni. Alikuwa anatabasamu na kusema nguo ni ya kukaliwa, si ya kufungiwa. Katika wote waliokuwepo pale makaburini, nadhani ni mimi peke yangu niliyejua alikoyatoa maneno hayo.

Siku hizi neno lenyewe limekuwa jepesi, kila mtu analo mdomoni. Kijana akivaa shati safi, yuko smati. Bodaboda akiosha pikipiki yake, iko smati. Sisi tulikuwa na maneno yetu. Mwanamke aliyejipamba tulimwita maridadi, aliyeoga na kufua tulimwita nadhifu, na mwanamume anayejipenda tulimwita mtanashati. Hayo yalikuwa maneno ya kumsifu mtu baada ya kumwona. Neno smati lilipotufikia sisi wasichana wa hotelini, kule Mikumi, halikuja kama sifa. Lilikuja kama amri.

Ulikuwa mwaka wa njaa na wa kuhama. Mvua zilikataa, na watu waliokuwa wametawanyika mashambani walikuwa wakikusanywa kwenye vijiji vipya vya ujamaa. Kwetu Masanze nyumba yetu ilikwisha kubomolewa, wazazi wangu walikuwa wakilala chini ya mabati kwenye kiwanja walichopimiwa, na habari iliyonifikia ilikuwa moja tu: shikilia kazi. Dorkasi, aliyenizidi miaka michache, alitoka milimani kwa Waanglikana, amesoma misheni, na kwao nako kulikuwa kumebaki magofu na migomba. Tulipokuwa tukisema kwamba hatuna pa kurudi hatukuwa tunalalamika. Ndivyo ilivyokuwa.

Hoteli ilikuwa ya wageni wanaokuja kuangalia wanyama. Tulilala chumba kimoja nyuma ya jiko, vitanda viwili vya chuma, ukuta umekuwa mweusi kwa moshi, na dirisha linalotazama tangi la maji. Alfajiri harufu ya nyama ya kukaanga iliingia kwa dirisha hilo na kutuamsha kabla ya mtu yeyote. Nyama ilikuwa ya wageni. Sisi tulikula ugali wa unga wa njano, ule wa msaada, na mchicha uliochemshwa, na mara mojamoja Mzee Sefu mpishi alitufichia mchuzi kwenye kopo. Tulikula tumesimama, kwa sababu sketi hazikuruhusu kukaa chini. Zilikuwa za bluu, zimebana, zimeishia juu ya magoti, na juu yake blauzi nyeupe na aproni ya kufungwa kiunoni. Nje ya geti la hoteli hakuna aliyethubutu kuvaa hivyo bila khanga juu yake, maana ndiyo ilikuwa enzi ya vijana wenye fimbo waliosimama stendi na sokoni wakikagua nguo za watu.

Kila asubuhi msimamizi wetu, Bwana Alfredi, alitupanga mstari kwenye veranda ya jikoni. Alikuwa mtu mwembamba, msafi kupindukia, aliyefunzwa kazi kwenye mahoteli ya pwani, na sikumwona akimpiga mtu hata siku moja. Alitupitia kwa macho tu, kutoka kisogoni hadi visiginoni. "Smati, mabinti, smati!" alisema. "Tumbo ndani. Mgeni hajalipa nauli ya ndege kuja kuona matumbo." Aliyekosea hakugombezwa. Aliambiwa tu, "Wewe leo hauko smati," na alijua kwamba akiambiwa hivyo mara kwa mara atabeba sanduku lake. Wasichana waliokuwa wakisubiri nafasi zetu walikaa ng'ambo ya barabara kila siku, wamefunga khanga zao vizuri, wakitutazama.

Siku moja mgeni mmoja, mama wa Kizungu mwenye kofia pana, aliona nimekumbuka kwamba hanywi chai ya maziwa, akanitazama na kusema jambo ambalo ndani yake nililisikia neno lile. Jioni, tukiwa tunavua viatu, nikamwambia Dorkasi kwa fahari, "Mgeni kasema niko smati. Na leo sikuwa hata nimechana nywele vizuri."

Dorkasi akacheka. "Hakusema umependeza. Kasema una akili."

"Bwana Alfredi anasema smati ni mavazi."

"Kwa Kiingereza ni yote mawili, mdogo wangu. Mavazi na akili. Tena kuna ya tatu. Mwalimu wetu kule misheni alikuwa akitupaka iodini magotini tukianguka. Ukirukaruka anakwambia, najua, najua, linasmati. Maana yake kidonda kinawasha, kinachoma."

"Kwa hiyo mtu akiniambia niko smati, ananiambia nachoma?"

"Kama sketi hii, ndiyo," alisema, na tukacheka mpaka Mzee Sefu akagonga ukuta kwa mwiko. Nimekaa na kicheko hicho miaka yote hii, kwa sababu sikumbuki kingine kilichokifuata.

Muda si mrefu baadaye nilimkuta Dorkasi asubuhi amenigeuzia mgongo, amevuta pumzi ndani, anajizungushia tumboni kitambaa kirefu alichokichana kwenye shuka, anakaza, anakaza, mpaka mshipa wa shingo ukamsimama. Sikuhitaji kuambiwa. Baba wa mtoto alikuwa dereva wa magari makubwa ya barabara mpya, ameondoka na kazi yake kuelekea Iringa, na Dorkasi hakupenda kumtaja. "Usiniangalie hivyo," alisema. "Nifungie aproni."

Nilimsihi. Nilimwambia tumbo si shati, haliwezi kukunjwa. Nilimwambia aende kwa Bwana Alfredi amweleze, huenda akampa kazi ya kufua. Akanitazama kama mtu anayemsikiliza mtoto. "Wewe unaona wale ng'ambo ya barabara? Nikisema leo, kesho mmoja wao amevaa sketi yangu. Nitakwenda wapi na mtoto, Mwantumu? Nikajenge kibanda wapi? Kwa mti gani?" Nimetafuta jibu lake mpaka leo, nimekuwa mtu mzima na wajukuu, na sijalipata.

Basi ikawa ndiyo maisha yetu. Kila asubuhi kitambaa, kila asubuhi mstari, kila asubuhi lile neno. Dorkasi alikula kidogo ili asinenepe uso. Njaa ya nje ilikuwa ya watu wote, lakini yake ilikuwa ya kuchagua, na nilimwona akikiacha kijiko cha mwisho huku macho yake yanakifuata. Usiku, akifungua kitambaa, alilala chali na kupumua kwa kinywa, na ngozi ya tumbo ilikuwa na michirizi kama ya kamba kwenye shingo ya ng'ombe. Mara moja aliushika mkono wangu akauweka pale. Mtoto alikuwa anacheza. "Anasukuma," alisema. "Ananikasirikia." Kesho yake Bwana Alfredi alipofika mbele yake kwenye mstari alisimama, akatikisa kichwa kwa kuridhika, akatuambia wengine, "Mtazameni Dorkasi. Huyo ndiye smati." Dorkasi alisema, "Asante, bwana."

Alianguka wakati wa kifungua kinywa. Alikuwa amebeba sinia la mayai kuelekea meza ya dirishani, akasimama katikati ya ukumbi kama mtu aliyeitwa jina, kisha akashuka taratibu, na sinia likatangulia. Nilipomfikia damu ilikuwa imekwisha kupita kwenye soksi. Bwana Alfredi alikuja mbio, akainama, akaona, na uso wake ukawa kama majivu. "Mtoeni kwa mlango wa nyuma," alisema kwa sauti ya chini. "Haraka, wageni wasione." Gari la hoteli lilikuwa mbugani na watalii. Pale zahanati ya Mikumi mganga alisema kazi hii si yake, apelekwe hospitali ya Kilosa, na lori lililokuwepo lilikuwa halina mafuta. Mzee Sefu ndiye aliyekumbuka treni ya mizigo. Tulimlaza Dorkasi kwenye toroli la kubebea kuni, nikatandika khanga yangu na ya kwake chini yake, na tukalisukuma mpaka stesheni tukikimbia, mzee yule na aproni yake ya mafuta na mimi na sketi yangu.

Treni ilikuwa imebeba sukari kutoka Kidodi. Gadi, yaani yule msimamizi wa treni anayekaa behewa la nyuma, alikuwa mzee mwenye ndevu nyeupe, Mzee Ramadhani. Nilimwamkia, "Shikamoo, babu."

"Marahaba, mjukuu wangu. Huyu vipi?"

"Anajifungua, babu. Siku zake bado."

"Hairuhusiwi kuchukua abiria humu," alisema, na huku anasema alikuwa amekwisha kumshika Dorkasi mabegani. Njia nzima Dorkasi alilala juu ya magunia matupu, ameniuma mkono. Nilitaka kufungua kile kitambaa, lakini fundo lilikuwa limelowa na limekaza kama jiwe, na kila nilipoligusa alipiga kelele. Mzee Ramadhani alitazama nje kwa heshima, akisoma dua kimoyomoyo, na treni ikasimama mahali ambapo hapakuwa na kitu, ikasimama na kusimama, mpaka nikadhani tutafia pale katikati ya nyasi kavu.

Kilosa tulifika jua limepanda. Mzee Ramadhani na mchukuzi mmoja walimbeba Dorkasi, khanga zote mbili zimemfunika, na mimi nikawafuata nikikimbia. Kwenye lango la stesheni walisimama wale vijana wa fimbo. Waliwapisha waliombeba mgonjwa. Mimi nikazuiwa kwa fimbo kifuani.

"Wewe dada, hivyo ndivyo unavyotembea mjini?"

"Kaka zangu, niacheni, ndugu yangu anakufa pale."

"Kila mwenye nguo fupi ana ndugu anakufa," alisema kiongozi wao, kijana wa umri wangu mwenye shati la kaki. Nikamwonyesha damu kwenye mikono yangu. Akageuza uso, lakini fimbo hakuiondoa. Wakaniingiza kwenye chumba kidogo kando ya ghala, wakaniketisha kwenye kreti, na huko nikakaa. Nililia, nikawaeleza kwamba hiyo ni sare ya kazini, tunaambiwa tuwe smati, nikalia tena. Kupitia ukuta wa mabati niliwasikia wakibishana.

"Kasema kazini kwao wanaambiwa wawe smati," mmoja alisema.

"Smati ni kasumba," akajibu yule kiongozi. "Mwanamke wa Kiafrika hawi smati. Anakuwa na heshima."

"Lakini juzi mgeni rasmi alipokuja, wewe ulisema yuko smati."

"Yule ni mwanamume, ana suti. Usichanganye mambo."

Nilikaa nikiyasikiliza maneno hayo na nikamwona Dorkasi akifa kati ya watu wawili wasiojuana, mmoja Mikumi na mwingine Kilosa, mmoja anavuta sketi kuipandisha na mwingine anaivuta kuishusha, na hakuna hata mmoja aliyemuuliza kitu. Sikuwa na elimu ya kulisema hivyo siku ile. Siku ile nilipiga mabati kwa ngumi mpaka vidole vikachubuka.

Aliyenitoa ni mwanamke aliyeuza uji pale stesheni, Mama Chausiku. Alikuwa ameona yote, akawafuata waliombeba mgonjwa mpaka hospitali, kisha akarudi. Nilisikia sauti yake mlangoni, nzito, haina haraka.

"Hunipi shikamoo, mwanangu?"

"Shikamoo, mama," kiongozi alisema.

"Marahaba. Mama yako hunywa uji kwangu kila asubuhi. Kesho akija nimwambie nini? Kwamba umemfungia binti wa watu, na ndugu yake yuko kitandani anajifungua bila mtu wa kumshika mkono?"

Kisha mlango ukafunguliwa. Mama Chausiku alivua khanga ya juu aliyojitanda, akanifunga kiunoni mwenyewe, mbele yao, polepole, kama anayemvalisha mwari. "Haya," akasema. "Twende."

Wodini nilimkuta muuguzi anaokota vipande vya kitambaa sakafuni. Alikuwa amekikata kwa mkasi. "Nani amemfunga hivi?" aliniuliza. Dorkasi akajibu kutoka kitandani, "Nimejifunga mwenyewe." Alikuwa mweupe midomo, na kifuani kwake palikuwa na mtoto wa kike mdogo kuliko nilivyojua mtoto anaweza kuwa, anapumua kama kifaranga kilichonyeshewa. "Njoo umwone," aliniita. "Ana kucha, Mwantumu. Ana kucha zote." Nikainama. Zilikuwepo kweli, ndogo kama punje za mtama zilizopasuka. Alisema amembatiza mwenyewe kwa maji ya kikombe, na kwamba anaitwa Mele. Tulikaa hivyo, wawili tukimtazama wa tatu, na hatukusema kitu kuhusu kesho. Kabla ya alasiri Mele alivuta pumzi moja, akasubiri, na hakuvuta nyingine.

Nilirudi Mikumi mara moja tu, baadaye, kuchukua vitu vyetu. Vitanda vyetu vilikwisha kupata wenyewe. Bwana Alfredi alinipokea jikoni, hakukaa wala hakunikaribisha kukaa. Alikunja kitambaa cha meza mkononi, akakikunjua, akakikunja. "Mngeniambia mapema," alisema, "ningemhamishia kwa dobi. Kule hakuna anayeangalia." Sikujua kama alisema kweli au alikuwa anajisafisha. Nilimtazama macho, yalikuwa mekundu. Ningependa sana awe amesema uongo. Kwa sababu kama ni kweli, basi mlango ulikuwepo, na sisi tulipita mbele yake kila asubuhi tumevuta matumbo ndani. Dorkasi sikumsimulia maneno hayo. Tuliishi jirani, hapa Kilosa, kuanzia chumba cha uani kwa Mama Chausiku alikotuhifadhi, mpaka nyumba zetu wenyewe, waume, watoto, na sikumsimulia.

Mele tulimzika asubuhi iliyofuata kifo chake, kabla ya safari hiyo ya Mikumi. Dorkasi hakuweza kuinuka, muuguzi alikataa hata akae. Mama Chausiku alileta khanga mpya, bado ina gundi ya dukani, na mimi ndiye niliyemwosha mtoto na kumvika. Mzee Ramadhani alikuwa ameomba ruhusa kazini. Yeye ndiye aliyechimba, kwenye pembe ya makaburi ya Wakristo, ardhi ngumu ya ukame ikitoa cheche kwenye jembe. Hapakuwa na mchungaji. Tulikuwa Waislamu watatu, hatukuzijua sala za kwao, basi kila mmoja alisoma anachokijua, kwa sauti ya chini, na Mzee Ramadhani akasema, "Mola anamjua wake."

Niliporudi wodini Dorkasi alikuwa macho. Wagonjwa wa vitanda vya jirani walikuwa wanakula uji, vijiko vinagonga vikombe. Nilikaa pembeni yake, udongo bado uko kwenye kucha zangu.

"Mmemaliza?" aliuliza.

"Tumemaliza, dada."

"Alivaa nini?"

"Khanga. Mpya. Ya rangi ya machungwa."

Akaitazama dari. Kisha akanishika kifundo cha mkono kwa nguvu ambayo sikujua bado anayo.

"Umemkaza?"

"Hapana," nikamwambia. "Sikumkaza. Nilimzungushia tu, nikamwachia mikono nje."

Akaniachia. Akageukia ukutani, akavuta magoti kifuani, na kwa mara ya kwanza tangu Mikumi akalia kwa sauti, na wodi nzima ikaweka vijiko chini.